Kikao cha Kilo Nne au Kilo Tano: Wazazi wa Gredi ya Nane, Shule ya Nyasumbi

Kabla ya tarehe, neno moja. Chrispine, acha kunijia. Ulikuja kwangu Jumatatu asubuhi, ukaja tena Jumatatu jioni, ukanisimamia nikipara samaki ukisema, "Dani, hiyo kipengele ya tano iache tu, haina maana." Nimeiandika. Na kwa sababu umenichelewesha siku nzima, nimeiandika kirefu. Mwenyekiti naye alituma kilo moja ya sukari. Sukari nimepokea, asante, na kipengele kiko palepale. Mlinichagua katibu mkisema mwandiko wa huyu dani, huyu nyanya, unasomeka. Sasa someni. Kama kuna mtu wa kuaibika kwa hii karatasi, wa kwanza ni mimi, na sijajificha.

KUMBUKUMBU ZA KIKAO CHA KAMATI YA WAZAZI NA WALEZI WA GREDI YA NANE, SHULE YA NYASUMBI, KARIBU NA KISEGI

Tarehe: Jumapili, 15 Juni 2025
Mahali: Darasa la Gredi ya Nane
Saa ya kuanza: Saa nane kamili kwa barua. Saa nane na dakika arobaini kwa kweli.

WALIOHUDHURIA
1. Bw. Bonface Omanga – Mwenyekiti (mwenye duka la dawa za mifugo)
2. Bi. Leonida Auma – Katibu (mlezi wa Adhiambo)
3. Bw. Chrispine Okeyo (mwenye boti mbili)
4. Bi. Emmah Moraa (mwenye duka la vyakula)
5. Bi. Dorah Anyango
6. Bi. Lynnet Awuor
7. Bw. Mokaya
8. Bi. Nyasuguta
9. Bw. Joash Odira
10. Bi. Peres Akoth
11. Bw. Dishon Ouko (aliingia saa kumi kasorobo, tazama kipengele cha tano)

ALIYEALIKWA
Mwalimu Samwel Werema, mwalimu wa hesabu, wa mkataba, kutoka Isebania

WASIOHUDHURIA KWA UDHURU
Bi. Bathsheba (amekwenda Mfangano kununua samaki)

WASIOHUDHURIA BILA UDHURU
Wawili. Wanajijua.

KUMB. NA. 1/6/2025: KUFUNGUA

Bi. Nyasuguta aliomba. Maombi yalikuwa marefu, na ndani yake alimwombea Mwalimu Werema kwa jina mara tatu. Bw. Chrispine alisema baada ya Amina kwamba hiyo haikuwa maombi, ilikuwa kampeni. Mwenyekiti alisema maombi hayajadiliwi.

Mwenyekiti alieleza kwamba kikao kilitolewa Jumamosi kikawekwa Jumapili ili Wasabato wahudhurie, na kwamba hataki tena kusikia mtu akinung'unika juu ya siku. Bi. Peres alinung'unika.

KUMB. NA. 2/6/2025: KIKAO KILICHOPITA

Kumbukumbu zilisomwa. Mlango wa choo cha wasichana ulisemekana umetengenezwa. Bi. Dorah alisema umetengenezwa upande mmoja tu, ule wa nje, na mtoto akishaingia hawezi kujifungia. Bw. Joash, ambaye ndiye alipewa hiyo kazi, alisema atamalizia. Hiyo alisema pia mwezi wa tatu. Iko kwa kitabu.

KUMB. NA. 3/6/2025: MALALAMIKO DHIDI YA MWALIMU WA HESABU

Bw. Chrispine alieleza kwamba katika mtihani wa mwezi wa tano kulikuwa na swali la saba, na kwamba watoto kumi na mmoja wa kamati hii na wa jirani walipewa sifuri kwa jibu ambalo kila mama wa hapa ufuoni analijua tangu akiwa msichana. Mwenyekiti aliagiza swali lisomwe. Lilisomwa hivi:

"Karai lina kilo 40 za maji ya chumvi. Chumvi ndani yake ni asilimia 10. Ziongezwe kilo ngapi za chumvi ili chumvi iwe asilimia 20?"

Bw. Chrispine alieleza kwamba jibu ni kilo nne. Kumi kwa mia ya arobaini ni nne, unataka mara mbili, unaongeza nne nyingine, umemaliza, unaenda kulala. Mwalimu anasema tano. Aliuliza kama mwalimu amewahi kutia samaki chumvi hata mmoja. "Mtu wa kutoka mpakani atatufundisha sisi chumvi? Kwao wanajua malori tu."

Mwalimu Werema alijibu kwamba Isebania pia watu hula chumvi.

Katibu aliomba kusema. Alieleza kwamba ametia mbuta chumvi miaka thelathini na mmoja na samaki wake hajawahi kurudishwa na mnunuzi. Alieleza kwamba jibu la kilo nne ni yeye alimfundisha mjukuu wake Adhiambo, kando ya karai, na Adhiambo akawafundisha wenzake, kwa hivyo hao kumi na mmoja wote wametoka kwa karai moja. Alieleza kwamba sifuri angeweza kuvumilia, lakini juu ya karatasi ya Adhiambo mwalimu ameandika kwa wino mwekundu, "Nani alikufundisha hivi?" Karatasi ilipitishwa, kila mtu akaona. Katibu alisoma mpaka darasa la tano, akatolewa kwenda kuosha samaki, na siku hiyo hakuna mtu alikuja na wino mwekundu kuuliza chochote.

Bi. Moraa alimuuliza Katibu kama ni kweli amemkataza Adhiambo kuingia darasani saa za hesabu. Katibu alijibu kwamba ni kweli. Bi. Moraa aliuliza amekosa vipindi vingapi. Katibu alisema tisa. Bi. Moraa alisema, "Tisa, mama! Na mtoto mwenyewe ndiye wa kwanza darasani!" Katibu alisema swali limejibiwa, tuendelee.

Mwalimu alipewa nafasi. Alisimama, akasema anawaheshimu akina mama wote, na dani zaidi. Alichora karai ubaoni. Alieleza kwamba katika kilo arobaini, nne ni chumvi na thelathini na sita ni maji matupu. Ukiongeza chumvi kilo nne, chumvi inakuwa nane, lakini karai sasa lina kilo arobaini na nne, na nane ndani ya arobaini na nne ni kumi na nane kwa mia na kitu kidogo. Haijafika ishirini.

Bw. Chrispine aliuliza hiyo arobaini na nne ameitoa wapi, kwa sababu swali limesema arobaini.

Mwalimu alisema, "Chumvi uliyoongeza, jaduong', mzee wangu. Nayo ni kilo nne."

Bw. Chrispine alisema, "Chumvi inayeyuka. Ikishayeyuka haipo."

Bw. Joash, Bi. Lynnet na Bi. Peres walipiga makofi. Katibu pia alipiga, na anaiandika.

Mwalimu alisema njia rahisi ni kushika kitu ambacho hakijaguswa. Maji matupu hayajaguswa, ni thelathini na sita kabla na ni thelathini na sita baadaye. Chumvi ikiwa ishirini kwa mia, maji yatakuwa themanini kwa mia. Thelathini na sita ikiwa ndiyo themanini, basi yote ni arobaini na tano. Toa arobaini za kwanza, zinabaki tano. Bi. Dorah alisema ameelewa. Bi. Peres alimuuliza ameelewa nini. Bi. Dorah alisema ameelewa tu, aachwe.

Mwisho mwalimu alisema lile neno la wino mwekundu hakuliandika kwa dharau. Watoto kumi na mmoja walikosea mahali pamoja kwa njia moja, na alikuwa akitaka kujua kweli ni nani. Katibu hakumwamini na aligeuza uso kwa dirisha.

KUMB. NA. 4/6/2025: MAKARAI MAWILI NA YAI

Katibu alipendekeza maneno yaachwe, ipimwe kwa macho. Ilikubaliwa. Bi. Moraa alileta mizani ya duka lake na chumvi. Ili chumvi isiharibiwe, mwalimu alishauri ipunguzwe mara kumi, kilo nne za maji ya chumvi badala ya arobaini. Makarai mawili matupu yalipimwa kwanza, kisha yakatengenezwa sawasawa, kila moja maji kilo tatu na gramu mia sita, na chumvi gramu mia nne. Kisha kwa karai la Katibu iliongezwa chumvi gramu mia nne, na kwa karai la Mwalimu gramu mia tano. Yalikorogwa mpaka chumvi ikapotea.

Mwalimu aliomba makarai yapimwe uzito tena. Katibu alikataa. Alisema mizani ni ya kuuzia sukari, maji ya chumvi hupimwa kwa yai, na hivyo ndivyo mama yake alifanya. Yai likizama, chumvi ni kidogo. Likielea na kichwa chake kikaonekana, chumvi imetosha.

Yai la Bi. Nyasuguta liliwekwa kwa karai la Katibu. Lilielea. Watu walishangilia.

Lilitolewa, likapanguswa, likawekwa kwa karai la Mwalimu. Lilielea.

Bw. Joash aliinama mpaka pua ikakaribia maji, akasema kwa karai la Mwalimu limetoka juu kidogo zaidi. Bi. Lynnet alisema limegeuka tu ubavu. Likarudishwa mara ya pili, na ya tatu. Bw. Mokaya, ambaye alikuwa hajasema neno tangu asubuhi ya mwaka huu, alisema yai linajua kuelea, halijui asilimia.

Mwenyekiti aliamua kwamba yai halijasaidia. Lilirudishwa kwa mwenyewe. Makarai yaliwekwa nje kwa ngazi ya darasa.

KUMB. NA. 5/6/2025: KURA YA KUMWONDOA MWALIMU

Hiki ndicho kipengele.

Bw. Chrispine aliomba Kanuni ya Tisa itumike. Kanuni ya Tisa inasema kamati ikitaka bodi ya shule isimpe mwalimu wa mkataba mkataba mwingine, lazima asilimia sitini ya waliohudhuria wakubali. Mkataba wa Mwalimu Werema unaisha mwisho wa mwezi wa saba. Bi. Moraa alisema shule ilikaa mwaka mzima bila mwalimu wa hesabu kabla ya huyu kuja, na watoto walikuwa wakifundishwa hesabu na mwalimu wa dini. Bw. Chrispine alisema angalau yule wa dini hakuwatukana nyanya za watu.

Mwalimu aliombwa atoke nje. Alitoka akakaa kwa ngazi, kando ya makarai.

Mikono iliinuliwa. Waliotaka aondoke: Chrispine, Joash, Lynnet, Peres na Katibu. Watano. Waliokataa: Mwenyekiti, Moraa, Dorah, Mokaya na Nyasuguta. Watano. Tulikuwa kumi. Mwenyekiti alisema hiyo ni hamsini kwa mia, haijafika.

Bw. Chrispine aliomba dakika tano za kujisaidia. Alipewa. Alikaa kumi na tano.

Alirudi na Bw. Dishon Ouko, ambaye ni mwanachama halali, simkatai. Alikuwa ametolewa kwa kinyozi. Upande wa kulia wa kichwa ulikuwa umenyolewa, wa kushoto bado, na kitambaa cha kinyozi kilikuwa shingoni. Kinyozi mwenyewe alisimama mlangoni akingoja kitambaa chake. Katibu alimwandika Bw. Dishon kwa orodha, namba kumi na moja, na saa aliyoingia.

Bw. Dishon alikaa, akauliza, "Ni kura ya nini?"

Bw. Chrispine alimwambia, "Inua mkono, utaelezwa."

Aliinua.

Bw. Chrispine alisimama, akasema, "Watano na mmoja ni sita. Sita kwa kumi ni sitini kwa mia. Imepita!" Mwenyekiti alihesabu kwa vidole, akasema, "Sitini. Ni kweli, imepita. Katibu, andika."

Katibu aliandika, na anakubali aliandika kwa furaha. Aliandika: "Waliokubali, 6. Waliohudhuria," halafu akatazama juu ya karatasi achukue namba, na namba ya juu ilikuwa kumi na moja.

Aliuliza, "Waliohudhuria niandike wangapi?"

"Kumi, dani," alisema Bw. Chrispine. "Tulisema kumi tangu mwanzo."

"Na huyu Dishon?"

"Huyo ni wa kuongeza tu kwa wale wanaokubali."

"Nimemwandika hapa namba kumi na moja. Nimfute?"

"Usimfute. Ukimfuta kura yake inaenda."

"Basi kama yupo kwa kura, yupo pia kwa watu. Au mkono umekuja peke yake, mwili ukabaki kwa kinyozi?"

Bi. Moraa alianza kucheka. Bw. Chrispine alisema, "Dani, wewe uko upande wetu! Andika kumi tumalize!"

Katibu alisema hawezi kuandika kumi na huku anaona vichwa kumi na moja, hata kama kimoja ni nusu. "Huyu mtu ameingia. Amekaa kwa kiti. Huwezi kumhesabu kwa wale sita, halafu ukihesabu wote useme hayupo, ati kwa sababu ameshaingia katikati ya watu hatumwoni tena, ati ame..."

Katibu hakumalizia. Neno alilokuwa akitaka kusema ni "ameyeyuka".

Bi. Peres alimuuliza kama ni presha.

Katibu aliweka kalamu chini, akachukua mizani ya Bi. Moraa, akatoka nje bila kuomba ruhusa ya Mwenyekiti. Mwalimu Werema alikuwa bado amekaa kwa ngazi. Alisogeza miguu ampishe. Katibu alipima karai lake, akatoa uzito wa karai tupu. Kilo nne na gramu mia nne. Alipima tena. Kilo nne na gramu mia nne. Ile chumvi ambayo ilipotea kwa macho ilikuwa imekaa pale yote, gramu kwa gramu, kama Dishon kwa kiti.

Alirudi ndani, akasema: "Sita kwa kumi na moja si sitini. Na nane kwa arobaini na nne si ishirini. Ni kosa moja. Ni langu, nimelifanya miaka thelathini na mmoja, na leo nimeliona kwa Chrispine kwa sababu la mtu mwingine linaonekana haraka."

Mwenyekiti aliuliza basi sita kwa kumi na moja ni ngapi. Mwalimu aliitwa arudi ndani. Alisema ni hamsini na nne na nusu kwa mia. Mwenyekiti alitangaza kwamba ombi la kumwondoa mwalimu limeanguka.

Bi. Moraa alimwambia Mwenyekiti, "Na wewe ndiye unatupimia dawa ya kupe! Ng'ombe wetu Mungu tu anawalinda." Mwenyekiti aliomba hiyo isiandikwe.

Bw. Chrispine alisema sawa, lakini aelezwe, alihitaji kuleta watu wangapi? Mwalimu alitaka kujibu. Katibu alimwambia akae. Alikwenda ubaoni mwenyewe, na hii ni mara ya kwanza ameshika chaki tangu darasa la tano. Alisema: shika kitu ambacho hakijaguswa. Wale watano waliokataa hawajaguswa, walikuwa watano Dishon akiwa kwa kinyozi na ni watano sasa. Waliokubali wakiwa sitini kwa mia, waliokataa ni arobaini. Watano wakiwa ndio arobaini, wawili na nusu ni ishirini, na mia ni watu kumi na wawili na nusu.

Bw. Joash alisema hakuna nusu mtu.

Bi. Moraa alisema, "Yupo, si huyu Dishon."

Kikao kilisimama kwa dakika chache kwa sababu ya kicheko. Bw. Dishon pia alicheka, akauliza kama anaweza kwenda akamaliziwe.

Katibu alimalizia: kwa vile nusu mtu hakai kwa kikao, lazima tuwe kumi na watatu, na wanane wakubali. Kwa hivyo, Chrispine, ulihitaji Dishon na wengine wawili. Bathsheba yuko Mfangano, na wale wawili wasio na udhuru hata ukiwapata hujui watasema nini. Na ungekuwa na hao wote, bado ungekuwa ni upumbavu, maana mtoto wako mwenyewe ni mmoja wa wale kumi na mmoja, na ungemfukuzia mtu pekee anayeweza kumtoa hapo.

Bw. Chrispine alisema atafikiria. Mwalimu alisema jibu la dani ni sahihi. Katibu alimwambia hakumuuliza.

Kisha Katibu aliomba iandikwe kwamba ameteremsha mkono wake. Mwenyekiti alisema kura imeshapigwa na mkono hauteremshwi. Katibu alisema yeye ndiye anaandika, na umeteremka. Basi ni watano kwa kumi na moja.

Mwisho wa kipengele hiki Katibu alimgeukia Mwalimu Werema mbele ya wote, akamwambia, "Uliuliza nani alimfundisha. Ni mimi."

Mwalimu alisema, "Asante, dani. Nilikuwa nataka tu kujua." Aliongeza kwamba hesabu ya Katibu hulinganisha chumvi na zile kilo arobaini za kwanza, kabla ya kuongeza, na swali lilitaka ilinganishwe na karai zima, na kwamba mtu anaweza kutia samaki chumvi kwa njia ile maisha yake yote na samaki akakaa vizuri.

Katibu alisema, "Samaki wangu hawajaoza."

Mwalimu alisema, "Hawajaoza."

Juu ya hilo wote wawili walikubaliana.

KUMB. NA. 6/6/2025: MENGINEYO

Mwenyekiti aliombwa na wajumbe wanne, kwa upole, apime upya chupa zote za dawa ya kupe dukani kwake. Alikubali. Mwalimu atamsaidia siku ya Ijumaa baada ya masomo, na Bi. Moraa alisema atakuwepo kuangalia.

Bw. Mokaya alipendekeza kamati iandikie bodi ya shule barua ya kuomba Mwalimu Werema aongezewe mkataba. Mikono tisa iliinuliwa. Bw. Chrispine hakuinua na hakukataa, alikuwa akitazama dari. Bw. Dishon alikuwa ameshaondoka na kinyozi, kwa hivyo tulikuwa kumi. Tisa kwa kumi ni tisini kwa mia, na safari hii Mwenyekiti alihesabu vichwa kwanza, mmoja mmoja, akiwagusa mabegani.

Makarai mawili ya maji ya chumvi yalipewa Bi. Nyasuguta akatie samaki. Aliuliza lipi ni la nani. Hakuna aliyekumbuka. Katibu alisema apime.

KUMB. NA. 7/6/2025: KUFUNGA

Shughuli ziliisha saa kumi na moja na robo jioni. Bi. Dorah aliomba. Maombi yalikuwa mafupi.

Sahihi:

Mwenyekiti: B. Omanga (ameweka sahihi baada ya kusoma kipengele cha tano mara mbili)

Katibu: Leonida Auma

Tarehe: 17 Juni 2025

AGIZO

Joash, mlango wa choo, upande wa ndani, wiki hii. Wazazi wa wale watoto kumi na mmoja, kila mmoja achukue sufuria, mizani na chumvi, afanye swali la saba na mtoto wake mpaka sufuria iseme tano. Asiye na mizani aje kwangu.

Na wewe Adhiambo, najua unasoma hii kabla ya Mwenyekiti. Kesho kipindi cha kwanza ni hesabu. Utaingia, utakaa mbele, na utamwomba mwalimu vile vipindi tisa. Utatoa ile karatasi ya mtihani. Chini ya wino mwekundu, pale alipouliza nani, andika jina langu, yote mawili, kwa mwandiko mzuri. Halafu ufute nne, uandike tano.